Ukurasa wa Pili wa Barua ya Nyumba

Jumatatu, 7 Februari 1977

Naanza daftari hili kwa jambo ambalo sijamwambia mtu yeyote, hata mdogo wangu Ndindi, ambaye husahau kila kitu kabla chai haijapoa. Ukurasa wa pili sikuusoma.

Barua ya kampuni ya mikopo ilikuja wiki iliyopita. Kurasa tatu, Kiingereza kitupu. Baba anasoma Biblia ya Kikuyu na gazeti la Kiswahili bila shida, lakini Kiingereza cha barua humfanya avue kofia. Hapa nyumbani Kiingereza ni kazi yangu. Niko Kidato cha Tatu. Basi nikasimama kando ya meza nikamfasiria ukurasa wa kwanza. Tumekubaliwa. Nyumba iko Buruburu. Mkopo ni shilingi elfu sitini. Tutalipa mia tano na arobaini kwa mwezi. Mama aliikalia mikono yake asije akapiga makofi, maana kuta za nyumba hizi za kanjo, za baraza la jiji, hapa Makadara hazifichi kitu.

Baba akauliza ukurasa wa pili unasema nini.

Mimi nilikuwa nimeshaona wa tatu. Wa tatu ulikuwa na ramani. Vyumba vitatu vya kulala. Kile cha mwisho ni kidogo kama kabati, lakini kina mlango. Nina miaka kumi na sita na sijawahi kuwa na mlango. Nalala chumba kimoja na cherehani ya Mama na Ndindi, mwenye umri wa miaka sita na, usiku, miguu minne.

Nikasema ukurasa wa pili ni maneno ya kawaida tu.

Baba akatia sahihi. Barua ataipeleka mjini mwenyewe, Ijumaa ya tarehe kumi na nane, siku aliyopewa ruhusa kiwandani. Isipofika siku hiyo, nyumba inapewa mtu mwingine.

Leo Baba akiwa kazini nimeitoa barua chini ya redio. Nimeusoma ukurasa wa pili. Si maneno ya kawaida.

Jumanne, 8 Februari

Ukurasa wa pili unasema riba ni asilimia tisa kwa mwaka na njia za kulipa ni mbili, mwombaji aweke alama kwenye moja. Mia tano na arobaini kwa mwezi kwa miaka ishirini. Au mia saba na sitini kwa miaka kumi. Asiyeweka alama anahesabiwa amechagua ishirini. Sisi hatukuweka alama. Hatukujua kuna alama.

Nimezidisha wakati wa Jiografia, nyuma ya atlasi. Jibu la kwanza: shilingi milioni moja laki mbili na elfu tisini na sita. Nikahisi baridi miguuni. Kisha nikaona nimeongeza sifuri. Jibu la kweli: laki moja ishirini na tisa elfu na mia sita. Miguu haikupata joto.

Kwa pesa hizo watu hununua nyumba mbili na kurudishiwa chenji. Sisi tutapewa moja.

Kwa miaka kumi ni elfu tisini na moja na mia mbili. Tofauti ni elfu thelathini na nane na mia nne. Baba hupata elfu moja na mia nne kwa mwezi kwenye kiwanda cha sabuni. Nimegawanya. Ni miaka miwili na miezi mitatu ya Baba kuamka saa kumi na moja alfajiri na kurudi ananuka magadi. Nimeitupa kwa ajili ya mlango.

Mwalimu wa Jiografia aliniuliza mji mkuu wa Brazili. Nikasema asilimia tisa.

Alhamisi, 10 Februari

Leo nilimngojea Bi. Nzembi wa Hesabu mlangoni mwa chumba cha walimu. Nilisema nina rafiki ambaye baba yake anachukua mkopo. Bi. Nzembi ni mtu mzuri, hakuuliza rafiki ni nani. Alinieleza kuwa kila mwezi wakopeshaji huhesabu riba ya deni lililobaki, huichukua kwanza, na kinachosalia ndicho kinachopunguza deni. Mwanzoni deni ni kubwa, basi riba nayo ni kubwa.

Nimehesabu mwezi wetu wa kwanza. Kati ya mia tano na arobaini, mia nne na hamsini ni riba. Shilingi tisini ndizo zinazonunua nyumba. Mwaka mzima tutalipa elfu sita na mia nne themanini, na deni litapungua kwa elfu moja na mia moja na kitu. Nimelinganisha na ramani. Ni choo na kipande cha ukuta.

Nilipofika nyumbani nilimkuta mlangoni Bwana Omolo, anayeuza vitabu kwa malipo ya polepole. Tai nyekundu, mkoba mzito. Alikuwa anamwonyesha Mama juzuu la kwanza kati ya kumi na mawili ya maarifa yote ya dunia. Aliniita madam na kuniwekea juzuu mikononi. Karatasi yake inateleza kama hariri na inanukia gundi mpya. Kuna picha ya moyo wa nyangumi. Shilingi kumi na mbili tu kwa mwezi, akasema.

Nilimrudishia. Nilimwambia, kwa sauti ambayo hata mimi sikuitambua, kwamba mtu mwerevu haulizi kwa mwezi ni ngapi, anauliza mpaka mwisho ni ngapi. Bwana Omolo akasema madam amesoma sana. Mama akasema afadhali, maana nyumbani hapa hata sufuria ya pili hatuna.

Nilijivunia mpaka saa ya kulala.

Jumamosi, 12 Februari

Nimepata njia. Barua isiyo na jina.

Kumwambia Baba uso kwa uso siwezi. Mtu aliyeniamini kwa kurasa tatu, nimwambie nilimsomea mbili? Lakini barua kutoka kwa mtu asiyejulikana, kwa Kiingereza, yenye sauti ya ofisi, ataiheshimu. Nimeiandika kwa mkono wa kushoto. "Bwana mpendwa, jihadhari na miaka ishirini. Itakumeza. Chagua kumi. Wako mtiifu, Rafiki." Kwa mkono wa kushoto imechukua saa moja na robo. Nitaipitisha chini ya mlango kesho wakirudi kanisani.

Johnson amekuja kula, kama kila Jumamosi. Johnson ni mtoto wa ndugu mkubwa wa Baba. Amepanga chumba Kariobangi. Ni tarishi wa benki mjini, hupeleka bahasha kutoka orofa ya kwanza hadi ya nne, lakini ukimsikiliza utadhani benki yenyewe humwomba yeye mkopo. Alisema mwenye chapaa zake halipi haraka, anaacha pesa za wenyewe zifanye kazi. Nilitaka kumuuliza zifanye kazi gani. Niliuliza kama anataka chumvi.

Aliniita Profesa mara tatu. Hakuna mara hata moja aliyomaanisha.

Jumapili, 13 Februari

Aibu. Kila nikifumba macho naiona.

Mpango ulianza vizuri. Nilitangulia kurudi kutoka kanisani nikaiweka barua chini ya mlango. Baba akaiokota. Akavua kofia. Akaigeuza huku na huku. Kisha akafanya jambo ambalo mimi, mwenye akili za kuandika kwa mkono wa kushoto, sikulifikiria hata kidogo.

Akanipa nimfasirie.

Nilisimama palepale niliposimama wiki iliyopita. Nilisoma barua yangu mwenyewe kana kwamba maneno yake yananishangaza. Kwenye "itakumeza" nikasema "huenda isikufae". Mama akauliza ni nani mwenye mwandiko wa kuku mgonjwa namna hiyo. Nikasema huenda ni mzee sana.

Johnson, aliyelala kwenye benchi letu tangu jana, akainuka kama wakili. Akamwambia Baba kuwa ameziona barua kama hizi kazini. Ni mtu aliye nyuma yetu kwenye foleni ya nyumba. Anataka Baba mdogo, ndivyo anavyomwita Baba, aiguse ile barua, aandike kitu juu yake, ifutwe, nyumba iende kwake. Barua ikishatiwa sahihi haiguswi. Hata tone la chai.

Baba ameitoa barua ya kampuni chini ya redio. Ameifungia kwenye sanduku la bati chini ya kitanda. Ufunguo amejifunga kiunoni.

Nilikuwa na tatizo moja. Sasa lina kufuli.

Jumatatu, 14 Februari

Mzee Abdurahim ana duka kwenye kona yetu. Alikuja Nairobi kutoka Lamu kabla ya vita vya Hitler, na Baba humsikiliza kuliko kasisi. Nilimpa shikamoo, nikanunua kiberiti ambacho hatuhitaji, nikamwambia habari ya mkopo. Nilimwomba amwambie Baba achague kumi. Nilimsihi asinitaje.

Mzee aliweka miwani yake kwenye mizani. Akaniuliza, mwanangu, mia nne na hamsini ya mwezi wa kwanza, wamefanya kazi gani? Wamebeba tofali? Nikasema la, wamekopesha tu. Akatikisa kichwa muda mrefu. Akaahidi kumwambia Baba leo hii akipita kununua sigara.

Alimwambia. Hakunitaja, ni mtu wa ahadi. Lakini hakumwambia achague kumi. Alimwambia riba ni haramu, iwe ya miaka kumi au siku kumi, na Bwana Njogu, ndiye Baba, aache kabisa habari ya hiyo nyumba, amtegemee Mungu.

Baba alirudi amenuna. Akasema Mzee Abdurahim ni mtu mwema, lakini amelipa kodi ya lile duka miaka thelathini na moja na hana hata msumari wa kwake. Akasema mji huu mzima una wivu. Kwanza Rafiki, sasa hata Waislamu.

Kiberiti chenyewe kilikuwa na unyevu.

Jumatano, 16 Februari

Siku mbili zimebaki. Nimebaki na mtu mmoja. Mama.

Mama hapendi namba za karatasi. Lakini ndiye mweka hazina wa chama cha akina mama kumi na wawili. Kila mmoja hutoa shilingi ishirini kwa mwezi, zamu kwa zamu mmoja huzoa zote, na Mama hajawahi kukosea hata senti. Hukumbuka nani alichelewa na alikuwa amevaa nini.

Alikuwa anachagua maharagwe ya kupika na mahindi, ya githeri. Nilikaa naye. Nilihesabu maharagwe hamsini na manne nikamwambia tuseme kila moja ni shilingi kumi. Hayo ni malipo yetu ya mwezi wa kwanza. Nikachukua arobaini na matano nikayatia kwenye kopo la siagi. Nikasema hayo ni ya kampuni, ni riba. Nikaweka tisa kwenye bakuli. Hayo ni ya nyumba.

Mama aliangalia kopo. Akaangalia bakuli. Akasema nimekosea, nimegeuza.

Nikasema sikugeuza.

Nikahesabu sabini na sita. Malipo ya miaka kumi. Kopo lilichukua yaleyale arobaini na matano. Kwenye bakuli nikaweka thelathini na moja.

Mama aliacha kuchagua. Akasema kwenye chama mtu akizoa mia mbili na arobaini hurudisha mia mbili na arobaini, hata yule mama wa soko la Burma ambaye huchelewa. Akauliza hawa ni watu gani. Kisha akaniuliza taratibu nilijuaje kuna njia ya sabini na sita.

Ningeweza kusema Bi. Nzembi. Ningeweza kusema Rafiki.

Nikasema iko kwenye ukurasa wa pili. Nilikuwa natazama mlango.

Hakunipiga wala kupandisha sauti. Alirudisha maharagwe yote kwenye sufuria, ya kopo na ya bakuli, akasema Baba akirudi nitamwambia mwenyewe, yeye atakuwa jikoni lakini atasikia.

Alasiri hiyo ndiyo ndefu kuliko zote nilizowahi kuishi. Baba alirudi, akavua viatu. Nikamwambia. Nilimwambia huku nikitazama viatu.

Alitia ufunguo saa yake. Kisha akasema tangu mwaka wa hamsini na nane amekuwa akitia sahihi vitu alivyosomewa na wengine. Makarani, wazungu, wanyapara. Alidanganywa mara moja tu. Sasa ni mbili.

Sitaki kuandika nilivyojisikia.

Akafungua sanduku. Akanipa barua, akaniambia nisome kutoka juu. Kila neno. Nilisoma tarehe, nambari ya posta, riba, faini ya kuchelewa, bima ya moto, mpaka jina la mpiga chapa lililoandikwa kwa herufi ndogo kule chini. Nilipomaliza aliniuliza kama nyuma kuna kitu. Nikageuza. Hakukuwa na kitu. Akaniambia nigeuze tena.

Tulikula riba, pamoja na mahindi. Baba aliomba kuongezewa. Sijui kama huo ni msamaha au njaa.

Alhamisi, 17 Februari

Baba ataka kumi. Mama ataka kumi. Tatizo ni shilingi mia mbili na ishirini zaidi kila mwezi.

Wamehesabu kwenye meza, nami nikaruhusiwa kushika penseli. Mama atashona sare za shule mbili zaidi kwa wiki. Hiyo ni sabini. Zimebaki mia na hamsini. Baba akasema ataacha sigara, Mama akasema hiyo ameisikia tangu Uhuru.

Ndipo Johnson alipoingia. Baba alimweleza kila kitu, nami nikageuka kutazama ukuta. Johnson alisisitiza kuwa barua haiguswi. Baba akamuuliza benki wanamlipa kwa kazi gani hasa. Johnson akasema bahasha. Hilo lilimaliza mjadala.

Mama akamuuliza kodi ya chumba chake Kariobangi ni ngapi. Johnson akasema mia na arobaini, Mama mdogo, na maji ya kuchota. Mama akamtazama Baba. Baba akanitazama mimi. Mimi nilikuwa nimeshaelewa, kwa kuwa nilikuwa na ramani mbele yangu.

Chumba cha tatu. Mia na hamsini, pamoja na chakula cha Jumapili.

Johnson akauliza kama kina mlango.

Ijumaa, 18 Februari

Baba na Mama walikwenda mjini pamoja, Mama amevaa gauni la harusi za watu. Nilikaa darasani nikisubiri nyumba ipotee. Kumbe karani alitoa fomu nyingine kwenye droo, Baba akaweka alama, akatia sahihi, wakaambiwa kwaherini. Dakika tano. Fomu ziko rundo zima pale, Mama anasema, kama leso za harusini.

Mwaka wa 1987 nyumba itakuwa yetu. Nitakuwa na miaka ishirini na sita. Kwa ile njia yangu ingekuwa 1997, mimi nikiwa bibi kizee wa thelathini na sita.

Ndindi amefurahi sana kwamba tutaendelea kulala pamoja. Amenionyesha jinsi atakavyolala. Kwa mshazari.

Jumamosi, 26 Februari

Wiki ya utulivu. Baba ameanza kunisalimu kwa jina tena badala ya "wewe wa kurasa". Mama amenipa kazi ya kushona vifungo vya sare, senti tano kwa kifungo. Nimeandika kwenye jalada la daftari hili, kwa wino mwekundu: SOMA KURASA ZOTE.

Bwana Omolo amepita tena. Mvua ilikuwa inanyesha, nikamwonea huruma nikamkaribisha. Juzuu la kwanza liko kwenye mkoba uleule. Moyo wa nyangumi upo palepale. Nimesoma habari za abakasi, akiolojia na almasi nikiwa nimesimama. Akasema leo naweza kubaki nalo, na mengine kumi na moja yaje Jumatatu. Shilingi kumi na mbili kwa mwezi. Ni vifungo mia mbili na arobaini. Naweza.

Fomu yake ni kurasa mbili, Kiingereza. Mimi ni mdogo kisheria, lazima mzazi atie sahihi. Baba alikuwa ametoka. Nilimpelekea Mama kwenye cherehani, nikamfasiria ukurasa wa kwanza kwa sauti safi. Vitabu kumi na viwili, jalada gumu, kumi na mbili kwa mwezi, nitalipa mwenyewe.

Mama akasimamisha gurudumu. Akaniuliza ukurasa wa pili unasema nini.

Bwana Omolo alikuwa mlangoni anafunga mkoba. Mvua ilikuwa inakatika. Juzuu lilikuwa chini ya kwapa langu, na nilikuwa nimeliacha kwenye picha ya anga, katikati ya sentensi.

Nikasema ni maneno ya kawaida tu.

Mama akanitazama kidogo. Akatia sahihi. Bwana Omolo akachukua nakala yake akaenda. Nakala yetu nimeikunja vizuri nikaiweka kwenye juzuu iwe alama ya nilipofika. Kisha nikakaa sakafuni kati ya cherehani na kitanda, nikamwambia Ndindi asogeze miguu, nikaendelea kusoma habari za anga.